Bwana Usicheke na Punda wa Jalada

Nikijitambulisha kuwa mimi ni dada yake yule wa vitabu vya wanyama, watu huanza kucheka kabla sijafunga mdomo. Hawanicheki mimi, wanakumbuka picha. Mmoja atamtaja mbuzi wa benchini, mwingine yule bata anayetembea mbele ya wenzake kama mwalimu wa zamu, na mwisho wote wataishia kwa punda. Mimi husubiri wamalize. Ukimkatiza mtu anayecheka anakuona una roho mbaya, na sifa hiyo mtaani tayari ninayo.

Kaka yangu hakuzaliwa mchekeshaji. Utotoni alikuwa mtu wa kununa. Mama alikuwa akisema mtoto huyu alitoka tumboni na malalamiko yake mkononi. Kazi ya picha alifundishwa na mjomba wetu, na mjomba alipozeeka akamwachia studio, yaani chumba cha mbele cha nyumba yetu: pazia jeupe ukutani, stuli ya kuzunguka, taa mbili zenye vichwa vikubwa, kioo, na kitana kilichofungwa kamba ili mteja asiondoke nacho. Chumba cha pili kilikuwa changu na cherehani yangu. Mlango wa kati ulikuwa haufungiki vizuri, kwa hiyo kila walichosema wateja wake nilikisikia, na kila nilipogombana na wateja wangu naye alisikia.

Kazi yake kubwa ilikuwa picha za vitambulisho na za pasipoti. Picha hizo hazitaki meno. Basi kutwa nzima nilikuwa namsikia, "Tulia. Usicheke." Bibi harusi, askari, mwanafunzi, wote waliambiwa hayo hayo kwa sauti ile ile. Mtu akichekacheka, kaka anashusha kamera, anamtazama tu, mpaka kicheko kinamfia yule mtu usoni. Mtaa ukampa jina la Bwana Usicheke, naye hakulikasirikia, kwa sababu hakuona kinachochekesha.

Kisha zikaja simu zenye kamera, na ofisi za vitambulisho nazo zikanunua mashine zao. Studio ikalala. Kaka alifungua mlango asubuhi, akafuta vumbi la lenzi, akakaa kwenye stuli yake mwenyewe, akafunga jioni. Maji yalitufika shingoni, na kilichotuvusha ni viraka na sare za shule nilizoshona. Sisemi hivyo ili nisifiwe. Nasema ili ieleweke kwamba siku mbuzi wa jirani alipoingia studio kukimbia mvua, sisi wawili tulikuwa hatuna mbele wala nyuma.

Mbuzi yule alipanda benchi la wateja, akajikalia, akatazama mbele na kutulia tuli. Alikuwa mteja wa kwanza kwa muda mrefu aliyetulia bila kuambiwa. Kaka akampiga picha, nadhani kwa mazoea tu. Alipoisafisha akaona kwamba uso ule ni wa karani aliyechoka na watu, akaibandika dirishani katikati ya mabibi harusi na wahitimu, na chini yake akaandika kwa mwandiko wake mzuri: "Mkubwa hayupo. Njoo kesho." Kufikia mchana watu walikuwa wamejazana dirishani wanapasuka mbavu. Nilitoka na mkasi wangu mkononi nikidhani kuna ugomvi.

Habari ya dirisha ilimfikia mama mmoja mchapishaji, mwanamke mnene wa vicheko vya karibu karibu, mwenye miwani anayoivua kila akicheka. Alikuja, akatazama, akavua miwani, akamwambia kaka amletee picha za kutosha kitabu. Ndivyo Bwana Usicheke alivyogeuka mtunzi.

Alikuwa na namna yake ya kufanya kazi, na ndiyo iliyomletea sifa na ndiyo iliyomletea balaa. Mnyama asiguswe. Asiitwe, asipewe chakula, asivishwe kitu. Walikuwepo walioiga vitabu vyake kwa kuwavika mbwa miwani na tai, naye aliwadharau kupita kiasi. Alisema ukimvika mbwa miwani, kinachochekesha ni miwani. Yeye alibeba kiti cha kukunja, akakaa mbele ya banda la mtu au pembeni ya jalala, akasubiri mnyama alete uso mwenyewe. Angeweza kukaa tangu asubuhi mpaka adhuhuri kwa ajili ya kuku mmoja. Kuku huyo alitoka kwenye kitabu cha pili, shingo imenyooka, jicho limetoka, na chini yake: "Amealikwa chakula cha jioni. Hajauliza zaidi." Maneno yake yote yalikuwa hivyo, makavu, yameandikwa na mtu ambaye hata hatabasamu.

Watu walidhani anapenda wanyama. Mimi niliyeishi naye nasema hapana. Hakufuga hata paka. Angeweza kumtazama bata nusu siku, na ukimuuliza kama ni jike au dume hajui. Alichokuwa anatazama ni sura, inafanana na ya nani, ya karani, ya mama mkwe, ya mlevi asubuhi. Nilimtania mara nyingi kwamba angemwona hata simba anamjia angesema, huyu ana uso wa mkaguzi. Hakucheka, ila alilifikiria.

Vitabu vitatu vilitoka na vyote vikapendwa. Alialikwa mashuleni kusoma, akasimama mbele na uso wake wa kununa, akasoma maneno ya chini ya picha moja moja, na watoto wakaanguka kwenye madawati. Kichwa kilimvimba kidogo, siwezi kumficha. Akaanza kusema "wasomaji wangu". Mchapishaji akamwambia kitabu cha nne kiwe kikubwa kuliko vyote, na kinachohitajika sasa ni jalada la kumsimamisha mtu njiani.

Jalada hilo lilikuwa likipita mlangoni kwetu kila siku. Mzee wa Maji alikuwa anatuletea maji na mkokoteni wa mapipa unaovutwa na punda mmoja wa kijivu. Hakuwa na mke wala mtoto, na yule punda alimwita Mwenzangu. Asubuhi moja, wakati mzee anamimina maji kwenye pipa letu, punda aliinua kichwa, akakunja mdomo wa juu, akatoa meno yote nje na kubaki hivyo. Kaka alikuwa mlangoni. Nilimsikia anavuta pumzi.

Kuanzia siku hiyo akawa anawafuata na kiti chake, bombani, sokoni, kwenye mlima wa kuingilia soko. Punda alikuwa anacheka, kila siku zaidi ya jana. Hakumgusa hata kidogo, kama kawaida yake, na alijivunia hilo: mnyama anacheka kwa hiari yake. Maneno ya chini yalikuwa tayari hata kabla ya picha: "Ameambiwa mshahara umeongezwa." Kila siku alimwonyesha mchapishaji alichopata, na yule mama kila siku alivua miwani, lakini alikuwa na neno. Hapa pipa limekata sikio. Hapa mkono wa mzee umeingia. Alitaka masikio yote mawili juu, meno yote nje, na mbingu tupu nyuma.

Mzee wa Maji alimuuliza kaka mapema. Alikuwa amemwona Mwenzangu anatafuna majani kisha anayaacha yadondoke, mate yanamtiririka. Alimwambia kaka, wewe unamtazama kuliko mimi, maana mimi natazama njia. Huyu ana tatizo? Hayo yalisemwa mlangoni kwetu na niliyasikia. Kaka akajibu kwamba hana kitu, amezeeka kidogo tu na amechangamka. Alijibu kwa roho safi. Mzee akaridhika, kwa kuwa aliyemjibu ni mtu wa vitabu vya wanyama.

Kisha akaja daktari wa mifugo kupiga picha ya pasipoti, anasafiri kwenda masomoni. Alipomaliza kutulia na kutocheka, aliziona picha za punda zimetandazwa mezani. Hakucheka hata baada ya kuruhusiwa. Nilikuwa napiga pasi, nikasikia kila neno.

"Huyu hacheki," alisema. "Angalia jicho, angalia hapa chini ya taya palivyovimba. Ana gego bovu. Likitolewa wiki hii atapona. Likiachwa, usaha utaingia kwenye mfupa."

Kaka alimshukuru. Akamkabidhi picha zake kwenye bahasha, akamtakia safari njema. Jioni nikamuuliza kama amemwambia mzee, akasema amemwambia. Nilimwamini, kwani kaka alikuwa na kasoro nyingi lakini uongo haukuwa mojawapo.

Siku chache baadaye aliingia ndani na kamera kifuani, uso unang'aa jinsi ambavyo sijapata kumwona tangu tuzaliwe. Ameipata. Masikio juu, meno nje, mbingu safi. Mchapishaji alipoiona alivua miwani na hakuivaa tena mpaka alipoondoka. Asubuhi iliyofuata kaka alitoka mbio kumtafuta Mzee wa Maji na kumwambia ampeleke punda kwa daktari. Nilimwona anapita dirishani na sikuelewa haraka ile ni ya nini, wakati kwa hesabu yangu jino lilishatolewa.

Nilielewa mchana. Punda alikuwa amelala pembeni ya bomba, ubavu unapanda na kushuka, na harufu ya mdomo wake uliisikia kabla hujafika. Daktari mwingine, kijana aliyebaki badala ya yule msafiri, alimfungua taya kwa kijiti, akatazama ndani, akafunga. Mfupa ulikuwa umeoza. Daktari alisema mnyama hawezi hata kunywa, na kilichobaki ni kumpumzisha. Mzee wa Maji alichuchumaa akamshika sikio, akalishika mpaka sindano ikafanya kazi yake. Aliendelea kusema maneno yale yale: kama angejua mapema, kama kuna mtu angemwambia mapema. Kaka alikuwa amesimama hapo hapo, mkoba wa kamera begani. Nilimtazama, naye akatazama viatu vyake.

Nyumbani nilimwambia maneno ambayo siwezi kuyaandika. Alinijibu kwamba mzee alimuuliza tena, bombani, baada ya daktari kusema, na yeye akamjibu kwamba punda yuko sawa. Alikuwa anahitaji picha moja tu. Alidhani siku chache hazitaharibu kitu. Jino likitoka, kicheko nacho kingetoka, na kitabu kisingekuwa na jalada. Nilimchukia. Nasema wazi, nilimchukia kaka yangu wa tumbo moja, nikamwambia kwamba kwenda kumwambia mzee ni kazi ya mdomo wake, si wangu. Akasema ataenda.

Hakwenda. Kitabu kilitoka, na hakuna kitabu chetu kilichowahi kupendwa namna ile. Punda alikuwa kwenye madirisha ya maduka, kwenye kuta za vinyozi, kwenye madaftari ya watoto. Kukazuka mtindo wa salamu: mtu akikutana na kaka barabarani, badala ya kusema habari za asubuhi, anakunja mdomo wa juu na kumtolea meno. Watoto walifanya hivyo, walimu, wauza duka, mpaka askari wa barabarani. Kaka alikuwa anapita katikati ya meno hayo kila siku kwenda dukani. Akaanza kupita uchochoroni.

Mzee wa Maji sasa alikuwa anavuta mkokoteni mwenyewe. Alikuwa amepunguza mapipa, lakini mlima wa soko ulimtoa jasho mpaka akawa anasimama katikati na kuweka mawe nyuma ya magurudumu. Mchapishaji alikuwa amempa nakala ya lile jalada, naye akalibandika kwenye ubao wa mbele. Hakujua kusoma. Kila aliyemuuliza, mzee alimwambia kwamba huyo ndiye aliyekuwa mwenzake, na angalieni alivyokuwa na furaha. Alituletea maji kama zamani, na kila alipofika alimsalimia kaka kwa heshima. Kaka alikuwa anaitikia kutoka nyuma ya pazia.

Kitabu kilipotakiwa kuchapwa upya, kaka alisema hatatoa picha nyingine yoyote maisha yake yote, na hata hii isichapwe tena bila kubadilisha maneno ya chini. Akampelekea mchapishaji maneno mapya. Nilikuwepo. Yule mama alisoma, kisha akaangua kicheko mpaka akashika meza. Alisema haya ndiyo bora kuliko yote aliyowahi kuandika, kwamba sasa amekomaa. Kaka alimwambia ni kweli, si mzaha. Yule mama akafuta machozi na kusema ndiyo maana yanachekesha, yameandikwa kama kweli.

Wakamfanyia hafla katika ukumbi wa shule. Wazazi walijaa, watoto wamekaa sakafuni mbele. Picha ya punda ilikuwa imetundikwa nyuma yake, kubwa kuliko mlango. Kaka akavaa miwani ya kusomea, akasoma.

"Punda huyu hacheki. Alikuwa anaumwa jino. Niliambiwa, nikanyamaza ili nipate picha hii. Alikufa."

Ukumbi ulilipuka. Kaka alisubiri wanyamaze, kama alivyowasubiri wateja wa pasipoti, akasoma tena polepole, na mara hii wakacheka zaidi, walimu wakiegemeana mabegani. Sikuweza kuvumilia. Nilisimama nikasema jamani, ni kweli, mimi ni dada yake, ni kweli tupu. Wakanipigia makofi. Walidhani tumepanga pamoja.

Tulirudi nyumbani kwa miguu. Asubuhi yake alikaa kwenye ngazi ya mlangoni na kumsubiri Mzee wa Maji. Mimi nilikuwa kwenye cherehani, dirisha wazi. Mzee alipofika, kaka alisimama, na hakuzunguka.

"Mzee, Mwenzako alikuwa anaumwa jino. Mimi nilijua."

Mzee akaweka dumu chini. "Nilikuuliza mara mbili."

"Mara ya kwanza nilikuwa sijui."

"Na mara ya pili?"

"Mara ya pili nilijua. Nilikuwa nasubiri picha."

Mzee hakupandisha sauti wala mkono. Alikwenda mbele ya mkokoteni, akaanza kulibandua lile jalada kwa ukucha, taratibu, pembe moja baada ya nyingine, na lilipotoka akalikunja na kulitia mfukoni. Kaka akamuuliza afanye nini. Nilimsikia anauliza kama mtoto. Mzee akaingia kati ya mikono ya mkokoteni, akakamata.

"Ule mlima unanishinda," alisema. "Sukuma."

Kaka alisukuma siku hiyo, na kesho yake, na miaka iliyobaki. Kila asubuhi alitoka na shati la kazi nililomshonea, akamsubiri mzee bombani, akaweka mabega yake nyuma ya mapipa. Mzee alisema "shika" au "simama" au "mvua hiyo", na zaidi ya hapo hakuna. Kamera ilikaa sandukuni. Mikono yake iliyokuwa laini kuliko yangu ikaota sugu, na mgongo ukaanza kupinda.

Watu nao hawakumwachia hata hilo. Bwana wa vitabu vya punda anasukuma mkokoteni wa punda, nani asingecheka? Vijana walipanga mstari mlimani na simu zao. Walimwita punda wa pili. Wakatunga maneno ya chini, na mengine, niseme kweli, yalikuwa mazuri kuliko yake. Mchapishaji alikuja na mpiga picha, anataka kitabu kizima cha mkokoteni. Aliamini kabisa kwamba kaka anatayarisha jambo na anatufanyia siri. Kaka alimpita bila kusimama, kwa sababu kwenye mlima ule ukisimama mapipa yanarudi nyuma.

Kifua ndicho kilichomwondoa. Alianza kukohoa msimu wa mvua, nikamkataza kutoka, akatoka. Nilificha viatu vyake, akaenda peku. Mwisho alilala kwenye chumba cha studio, chini ya lile pazia jeupe, na mzee akapanda mlima peke yake. Kaka alikuwa ananiuliza kila saa kama nimemwona mzee akipita, nami nikamwambia nimemwona, amefika juu. Mara nyingine sikuwa nimemwona. Alikufa asubuhi, uso umetulia, haucheki.

Msiba ulijaa watu kuliko tulivyotegemea. Mchapishaji alitoa hotuba, akasoma maneno ya mbuzi, ya kuku, ya punda, yale ya kwanza na yale ya pili, na waombolezaji wakacheka huku wanalia, wakasema hivi ndivyo angependa kuagwa. Mimi nilikaa na mikono mapajani nikitamani wote waende kwao.

Mzee wa Maji alikuwa ameleta maji ya watu wote hao, mizigo kadhaa, peke yake. Watu walipopungua nilimfuata kwenye pipa. Nilikuwa nimejizuia miaka yote, nikamuuliza kama alimsamehe kaka yangu.

Mzee alifuta mikono kwenye suruali. "Alikuwa anasukuma vizuri," alisema. "Nilimzoea. Kumsamehe, hapana."

Nilimshukuru, na nilimshukuru kwa moyo wangu wote. Kati ya wote waliomjua kaka yangu, alikuwa peke yake aliyesikia alichosema na kukichukua kama kilivyo. Nikamsaidia kugeuza mkokoteni mpaka barabarani.